Nyundo ya Dalali na Siku Thelathini: Nani Analindwa Mali Inapouzwa kwa Amri ya Mahakama?

Katika Mkoa wa Singida, kuanzia Itigi na Manyoni hadi Iramba na Mkalama, familia nyingi hazina fedha benki. Akiba yao ni shamba la alizeti, bustani ya vitunguu, zizi la ng'ombe na nyumba ya kuishi. Kwa sababu hiyo, mahakama inapoamuru mali ya mtu ikamatwe na kuuzwa kwa mnada ili deni lilipwe, kinachoguswa ni maisha ya wote wanaoitegemea mali hiyo: mke, watoto, wazazi wazee, hata ndugu wanaolima pamoja shamba ambalo halijawahi kugawanywa.

Mashauri ya kupinga minada ya namna hii hayakauki katika mahakama zetu. Anayepitia maamuzi yanayochapishwa katika tovuti ya TanzLII atayakuta kwa wingi. Mke anadai kwamba nyumba iliyouzwa ni ya ndoa, na yeye hakukopa. Ndugu wanadai kwamba shamba ni la marehemu baba yao. Mdaiwa anadai kwamba hakuliona tangazo. Mnunuzi anadai kwamba amelipa fedha yote na bado hajakabidhiwa alichonunua. Na yule aliyeshinda shauri miaka kadhaa iliyopita anauliza ni lini atalipwa.

Tukiyatazama mashauri haya kwa mwanga wa sheria na wa Mafundisho Jamii ya Kanisa, jambo moja linajitokeza wazi. Sheria yetu ina kinga nyingi kuliko watu wengi wanavyodhani, lakini kila kinga ina saa yake. Familia inayochelewa huweza kupoteza hata pale ambapo tangu mwanzo haki ilikuwa upande wake.

Hukumu isiyotekelezwa ni maneno matupu

Tuanze na yule ambaye mara nyingi husahaulika katika masimulizi ya minada, yaani mdai aliyeshinda. Si kila mdai ni tajiri. Anaweza kuwa kibarua aliyenyimwa ujira wake, mjane aliyekopesha fedha za ada, au mkulima aliyekabidhi magunia ya alizeti kwa mfanyabiashara asilipwe. Mtu huyu amekwenda mahakamani, ametoa ushahidi, amepewa haki yake kwa maandishi. Ikiwa aliyeshindwa anakataa kulipa na hakuna wa kumlazimisha, hukumu ile inabaki kuwa karatasi.

Ndiyo maana sheria imeweka utaratibu wa kukazia hukumu. Katika Mahakama za Wilaya, za Hakimu Mkazi na Mahakama Kuu, utaratibu huo umo hasa katika Amri ya 21 ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33, iliyotungwa mwaka 1966 kuchukua nafasi ya sheria ya India ya mwaka 1908 iliyokuwa ikitumika hapa nchini tangu enzi za ukoloni. Mahakama za Mwanzo, ambako wengi wetu hupeleka madai yetu, zina kanuni zake za mwaka 1964. Mshindi ana miaka 12 ya kuomba hukumu itekelezwe, na ikipita zaidi ya mwaka mmoja tangu hukumu itolewe, aliyeshindwa hupewa kwanza wito wa kueleza kwa nini isitekelezwe. Wito huo ni nafasi ya kujieleza, na anayeupuuza anaitupa nafasi hiyo.

Hapa tuondoe makosa mawili yanayowaponza wengi. La kwanza ni kudhani kwamba kukata rufaa kunasimamisha mnada. Rufaa peke yake haisimamishi utekelezaji. Ni lazima kuomba amri ya kuusitisha, na kuipata. La pili ni kudhani kwamba kila anayekuja kubeba mali ana mamlaka. Mkopeshaji wa mtaani, wa ile mikopo ambayo watu wameipa jina la "kausha damu", hawezi kujifanya mahakama na kubeba televisheni au pikipiki ya mtu kwa nguvu kwa sababu tu anamdai. Mali inayokamatwa ili kutekeleza hukumu hukamatwa kwa amri ya mahakama, na kwa mkono wa dalali wa mahakama aliyeteuliwa kwa mujibu wa Kanuni za mwaka 2017 zinazosimamia uteuzi, malipo na nidhamu ya madalali. Mwenye nyumba ana haki ya kuuliza: amri iko wapi, imetolewa na mahakama ipi, katika shauri namba ngapi?

Mali ambayo sheria imekataza isiguswe

Si kila mali ya mdaiwa inaweza kuuzwa. Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai inataja vitu visivyokamatwa: mavazi ya lazima, vyombo vya kupikia na matandiko ya mdaiwa na familia yake, zana za fundi, na kwa mkulima, zana zake za kilimo pamoja na mifugo na mbegu zinazohitajika ili aendelee kujipatia riziki. Vilevile imeikinga nyumba, au sehemu ya nyumba, ambayo mdaiwa anaishi na mke wake na watoto wanaomtegemea. Tena imekinga ardhi ya kilimo ya mtu ambaye maisha yake yote yanategemea ardhi hiyo.

Kwa mkoa wenye msimu mmoja tu wa mvua kwa mwaka, na mvua yenyewe haba, kinga hizi ni za thamani kubwa. Mkulima aliyenyang'anywa jembe la kukokotwa na maksai wake mwezi Novemba hatakuwa na cha kulipia deni hata mwezi Julai. Aliyeitunga sheria alilitambua hilo.

Hata hivyo kinga hizi hazijitetei zenyewe. Mahakama haijui kwamba chumba fulani ndicho analala mdaiwa na watoto wake mpaka ielezwe na kuthibitishiwa. Nyumba ya kupangisha au jengo la biashara havikingwi kwa sababu tu mwenyewe anaviita makazi. Na kinga ya makazi haimwokoi aliyeiweka nyumba yenyewe rehani kwa hiari yake. Mnada wa rehani ni njia nyingine, inayoongozwa na Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999 na marekebisho yake. Humo benki hutakiwa kutoa notisi ya siku 60 kabla ya kutumia haki yake ya kuuza, hutakiwa kutafuta bei bora inayoweza kupatikana, na rehani ya nyumba ya ndoa hutaka ridhaa ya mwenzi. Anayetaka kupinga ni lazima ajue kwanza yuko katika njia ipi kati ya hizo mbili, kwa maana hoja ya njia moja haiingii katika nyingine.

Milango inavyofungwa mmoja baada ya mwingine

Mlango wa kwanza uko wazi kabla ya mnada. Mdaiwa anaweza kuiomba mahakama imruhusu kulipa kwa mafungu, au akapatana na mdai wake na mapatano hayo yakaandikwa mahakamani. Tangazo la mnada linapaswa kueleza mali inayouzwa, kiasi kinachodaiwa, na siku na mahali pa mnada. Kwa mali isiyohamishika, mnada haufanyiki kabla ya siku 30 kupita tangu tangazo libandikwe mahakamani, na kwa mali inayohamishika siku 15, isipokuwa mdaiwa mwenyewe ameridhia kwa maandishi. Hata siku yenyewe ya mnada, deni na gharama vikilipwa kabla nyundo haijagongwa, mnada unasimama. Aidha, kinachopaswa kuuzwa ni mali, au sehemu ya mali, inayotosha kulipa deni. Tuseme deni ni shilingi milioni 3, na mdaiwa ana mashamba mawili ambayo kila moja lina thamani ya shilingi milioni 5. Hakuna sababu ya kuuza yote mawili.

Mlango wa pili ni wa mtu mwingine asiye mdaiwa. Mke, ndugu au jirani ambaye mali yake imekamatwa kimakosa anaweza kuweka pingamizi, na mahakama itachunguza ni nani aliyekuwa na mali hiyo siku ilipokamatwa, na aliishika kwa ajili ya nani. Lakini sheria inairuhusu mahakama kukataa kuchunguza pingamizi lililocheleweshwa kwa makusudi au bila sababu. Anayeshindwa katika pingamizi hana rufaa. Njia inayobaki kwake ni kufungua shauri jipya kuthibitisha haki yake.

Mlango wa tatu uko baada ya mnada, nao ni mwembamba. Mwenye mali anaweza kuomba mauzo yatenguliwe kwa kuweka mahakamani deni lote linalotajwa katika tangazo, pamoja na asilimia 5 ya bei ya ununuzi kama kifuta jasho cha mnunuzi. Au anaweza kuthibitisha kwamba kulikuwa na kasoro kubwa au udanganyifu katika kutangaza au kuendesha mnada, na kwamba kwa sababu ya kasoro hiyo amepata hasara kubwa. Yote mawili lazima yathibitishwe. Bei ndogo peke yake kwa kawaida haitoshi. Maombi haya hufanywa ndani ya siku 30 tangu siku ya mnada. Siku hizo zikipita bila maombi, mahakama huthibitisha mauzo, na mnunuzi hupewa hati ya mauzo. Katika Mahakama za Mwanzo kanuni zina tofauti zake, hivyo mhusika aende kumwuliza karani mapema badala ya kuhesabu siku kwa kukisia.

Siku 30 ni nyingi kwa mtu mwenye wakili mjini. Kwa mama aliyeko kijijini, ambaye mume wake ameficha karatasi za mahakama kwa aibu, siku hizo zinaweza kwisha kabla hajajua kwamba kulikuwa na kesi. Hapo ndipo mashauri mengi ya uchungu yanapozaliwa.

Mnunuzi naye ni jirani yetu

Kijijini mtu aliyenunua mnadani huonwa kama mwizi aliyevaa suti. Lakini kuna aliyenunua kwa nia njema. Alilisoma tangazo la mahakama, akalipa robo ya bei papo hapo kama sheria inavyotaka na kumalizia ndani ya siku 15. Mahakama zetu kwa miaka mingi zimekuwa na mwelekeo wa kumlinda mnunuzi wa aina hii, kwa sababu kama kila mnada wa mahakama ungeweza kubomolewa baada ya miaka kumi, hakuna mtu mwaminifu ambaye angenunua. Wangebaki walanguzi, nao wangenunua kwa bei ya kutupa. Mwenye kuumia zaidi angekuwa mdaiwa mwenyewe, kwani mali yake ingepotea bila kulimaliza deni lake.

Ulinzi huo una mipaka. Aliyeshinda shauri haruhusiwi kununua mali hiyo bila kibali cha mahakama, na mtu mwenye jukumu lolote katika mnada haruhusiwi kabisa kushindania bei. Mnunuzi aliyekula njama na dalali hawezi kujificha nyuma ya nia njema, maana hakuwa nayo. Na kama mdaiwa hakuwa na haki yoyote ya kuuzwa katika mali ile, mnunuzi mwenyewe anaweza kuomba mauzo yatenguliwe ili arudishiwe fedha yake. Kwa hiyo Mkristo anayekwenda mnadani asiridhike na tangazo pekee. Afike shambani, awaulize majirani, amwulize mwenyekiti wa kijiji, aangalie ni nani anayelima hapo. Anayenunua kwa haraka ili awahi bei ya chini mara nyingi hununua kesi.

Maandiko Matakatifu hayakulinyamazia jambo hili

Kitabu cha Kumbukumbu la Torati, sura ya 24, kinaagiza kwamba jiwe la kusagia lisichukuliwe rehani, kwa kuwa kulichukua ni kuchukua uhai wa mtu. Sura hiyo hiyo inamtaka mkopeshaji asiingie katika nyumba ya mkopaji kujichagulia rehani. Asimame nje, na mwenye nyumba amletee. Vazi la maskini linapaswa kurudishwa kabla jua halijazama, ili apate cha kujifunika. Haki ya mdai inatambuliwa, lakini inakomea mlangoni. Uhai na heshima ya mtu havimo katika orodha ya vitu vinavyoweza kuwekwa rehani. Mkristo anayeisoma sheria yetu inayokinga vyombo vya kupikia, jembe na mbegu atauona ukaribu wake na agizo hilo la kale.

Nehemia, katika sura ya 5, aliwakuta ndugu wa taifa moja wakiwekeana rehani mashamba na nyumba wakati wa njaa. Hakuridhika kuuliza kama mikataba ilikuwa halali. Aliwaita wakubwa mbele ya kusanyiko na kuwataka warudishe. Kwa upande mwingine Yoshua bin Sira, katika sura ya 29, anawakemea wakopaji wanaouona mkopo kama kitu cha kuokota njiani na kumlipa mkopeshaji kwa matusi. Anasifu subira kwa maskini, na anaonya kwamba kumdhamini mtu kumewaangamiza wengi waliokuwa salama. Wadhamini katika vikundi vyetu vya kuweka na kukopa wanaijua kweli hiyo kwa mifuko yao.

Katekisimu ya Kanisa Katoliki (namba 2411) inaweka kulipa madeni na kutimiza mikataba iliyofanywa kwa hiari kuwa dai la haki, wala si suala la hisani. Naye Mtakatifu Yohane Paulo II, katika waraka wa Centesimus Annus wa mwaka 1991, akizungumzia madeni ya mataifa maskini, alifundisha kwamba kanuni ya kulipa madeni ni ya haki, lakini si halali kudai malipo kwa gharama ya njaa na kukata tamaa kwa watu. Kinachosemwa juu ya mataifa kinaweza kusemwa pia juu ya kaya moja ya Ikungi au Mkalama. Mdai Mkatoliki mwenye hukumu mkononi anaweza kuwa na haki yote mbele ya hakimu, na bado akaulizwa na dhamiri yake kama ni lazima aichukue haki hiyo leo, yote, na kwa mnada.

Hila zinazoiharibu haki

Lazima tuseme pia neno ambalo si tamu. Baadhi ya mapingamizi yanayofika mahakamani ni ya uongo. Mume anakula njama na mke ili aape kwamba hakujua lolote, kumbe alikuwepo fedha ikipokelewa. Shamba "linauzwa" kwa shemeji kwa karatasi iliyorudishwa tarehe nyuma. Mzee wa ukoo anakodiwa kushuhudia mgawo wa urithi ambao haukuwahi kufanyika. Watu huyaita haya ujanja wa mjini. Kanisa linayaita kwa majina yake: kiapo cha uongo na wizi, makosa dhidi ya amri ya nane na ya saba, yanayodai toba na malipizi.

Uongo huo una mwathirika wa pili asiyeonekana. Kila pingamizi la hila linalofichuliwa humfanya hakimu awe mgumu zaidi kumwamini mke wa kweli atakayefuata. Mwanamke ambaye kweli hakuulizwa, na ambaye Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 inamlinda nyumba ya ndoa isiuzwe wala kuwekwa rehani bila ridhaa yake, anajikuta akibeba mzigo wa uongo wa wengine.

Tunachoweza kufanya katika parokia zetu

Kwanza, tuziandike haki zetu kabla ya mgogoro. Hati ya hakimiliki ya kimila inaweza kubeba majina ya mume na mke. Basi yaandikwe yote mawili. Familia iliyofiwa ifungue mirathi, ipate msimamizi, na ifanye mgawo kwa maandishi. Shamba linalobaki kwa jina la marehemu kwa miaka 20 ni rahisi kukamatwa kwa deni la mtoto mmoja, na ni vigumu kwa wengine kulitetea.

Pili, karatasi ya mahakama isifichwe. Tangu mwaka 2021 Kiswahili ni lugha ya mahakama, hivyo nyaraka nyingi zaidi zinaweza kueleweka na mtu wa kawaida. Asiyeelewa aipeleke siku hiyo hiyo kwa msaidizi wa kisheria anayetambuliwa chini ya Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017, ambayo imewekwa kwa ajili ya wasio na uwezo. Wanaume hasa tunawasihi: aibu ya kumwambia mke kuna deni ni ndogo kuliko aibu ya mke kumsikia dalali akiita bei uani kwake.

Tatu, Jumuiya Ndogo Ndogo za Kikristo, WAWATA na Tume za Haki na Amani zisaidie mapatano mapema. Katiba yetu, Ibara ya 107A, inazitaka mahakama zikuze usuluhishi, na Bwana wetu, katika Injili ya Mathayo sura ya 5, anatufundisha kupatana na mshitaki tungali njiani. Jumuiya inaweza kuwakalisha mdai na mdaiwa, wakapanga malipo baada ya mavuno, kisha wakayapeleka mapatano hayo mahakamani yakaandikwe. Isifanye kazi ya hakimu, wala isimfiche mkwepaji wa madeni.

Nne, waamini wetu walio mahakimu, makarani, mawakili, wajumbe wa mabaraza ya ardhi na madalali wa mahakama wakumbuke kwamba wito wao ni utumishi. Tangazo linalobandikwa usiku mahali pasipopita watu, au mnada unaofanyika saa tofauti na iliyotangazwa ili rafiki anunue, ni dhambi hata kama hakuna atakayewahi kuomba utenguliwe.

Ndugu mpendwa, kama una deni, nenda kamwone anayekudai wiki hii, kabla ya wito kufika. Kama unadai, jiulize mdeni wako atalima kwa nini msimu ujao. Na kama tangazo limekwisha kubandikwa, zihesabu siku, uende mahakamani ukiwa na kweli mkononi.